Haki ya Tad Tadlock

Katika mwaka 1956 kampuni ya General Motors, ambayo zama hizo ikizungusha maonyesho yake ya magari, Motorama, katika miji mikubwa ya Marekani, ilitoa filamu fupi ya rangi iitwayo Design for Dreaming, isiyofika hata robo saa, na kazi iliyo ngumu kuliko zote, yaani kuyafanya mabati na mitambo yatamanike kama mchumba, ikamkabidhi mcheza dansi Thelma Tadlock, maarufu kwa jina la Tad.

Hadithi yenyewe ni nyepesi. Mwanamke aliyelala hujiwa chumbani na bwana mwenye barakoa, akamchukua hadi hoteli ya Waldorf-Astoria, New York, na huko akamtembeza baina ya Buick, Pontiac na Cadillac. Kisha, ghafula, bibi yule akajiona amevishwa aproni na kutiwa katika jiko la kesho la Frigidaire. Hapo ndipo filamu inaposema kweli, labda pasipo kukusudia, maana yeye mwenyewe hulalama kwamba mwanamume, ukimpa nafasi, mwisho wake atakupeleka jikoni. Kampuni humjibu kwa mitambo: atie kadi, keki ijioke, naye aende zake akacheze tenisi na kuota jua. Taabu ya mapishi imeondolewa, ila anayerudi kuitazama keki ni mwanamke yule yule, wala bwana haulizwi kitu.

Watazamaji wa leo huicheka filamu hii, nami sikatai kuwa yachekesha. Lakini kicheko hicho aghalabu humwangukia Tad, ilhali ahadi ni za waajiri wake. Firebird II, gari la kesho lililomo filamuni, lenye injini ya namna ya ndege za jeti, lilikuwa la maonyesho tu na halikuuzwa kamwe. Yeye aliahidi kucheza, na akacheza, kwa wepesi na nidhamu ambavyo miaka haikuvichakaza.

Yule bwana wa barakoa ni Marc Breaux, ambaye baadaye, pamoja na mkewe Dee Dee Wood, alitunga dansi za Mary Poppins na The Sound of Music, akapata sifa maridhawa. Tad alirejea mwaka 1961 katika A Touch of Magic, filamu nyingine ya kampuni ile ile, na sifa za namna hiyo hazikumfikia.

Kwa filamu hizi kutufikia, twamshukuru Rick Prelinger, aliyeanza mwaka 1982 kukusanya filamu za tijara ambazo wengi walizihesabu takataka, hata mwaka 2002 Maktaba ya Congress ikauchukua mkusanyo wake. Hifadhi tumeipata, iliyobaki ni adabu ya kuorodhesha. Ningependa filamu hizi mbili zionyeshwe usiku mmoja, zitangazwe kwa jina la Tad Tadlock, na General Motors iandikwe chini yake kwa herufi ndogo.