Mkulima Ashike Kamera

Eti filamu za kilimo ziachiwe waliosomea, kwani mkulima akishika kamera huleta malalamiko, si ushahidi. Ushahidi upi tena? Katika filamu ya 2017, Thank You for the Rain, mkulima Kisilu Musya wa Kitui, Kenya, anarekodi mwenyewe ukame, kisha dhoruba inayoezua paa la nyumba yake. Mpigapicha wa kukodi angefika paa limeshaezekwa upya, aanze kuuliza ilikuwaje. Mkulima haoni mbali? Huyu alihimiza majirani wapande miti, akaenda mpaka mkutano wa tabianchi wa Paris, 2015. Utaalamu nao haukukosekana: Julia Dahr wa Norwe ndiye aliyeongoza filamu. Hakumnyang'anya Kisilu kamera, alimpa.