Kujifunza Si Kuiba

Msomaji kijana, liko neno lisemwalo mara nyingi kwa hasira: kwamba kila aichunguzaye mashine asiyoiunda ni mwizi. Neno hili nalipinga, na hoja zangu ni hizi.

Mwaka 1994 kampuni ya Sony ilitoa nchini Japani mashine ya michezo iitwayo PlayStation. Ndani yake imo programu ndogo ya kilobaiti 512, iitwayo BIOS. Hiyo ndiyo iamshayo mashine inapowashwa na kuupa mchezo huduma uzihitajizo. Pasipo BIOS, mashine ni mwili usio na roho. Basi atakaye kuiigiza katika kompyuta ya kawaida hana budi kuwa na BIOS hiyo, au kuandika yake itendayo kazi ile ile.

Kampuni ya Connectix ya Marekani ilichagua njia ya pili. Mafundi wake waliinakili BIOS ili waichunguze. Walipoielewa, wakaandika yao. Programu waliyoitoa mwaka 1999 haikuwa na hata mstari mmoja wa Sony. Walakini Sony iliwashtaki. Mwaka 2000 Mahakama ya Rufani ya Marekani iliamua kwamba kunakili kule, kwa kuwa kulihitajika ili kuelewa, kulikuwa matumizi ya haki.

Huenda ukauliza: "Je, nikichukua BIOS iliyowekwa katika intaneti na mtu nisiyemjua, nami ni mwanafunzi?" La, hasha! Faili hiyo ni jasho la watu, na sheria ingali inailinda. Aipokeaye bila kufumbua hata tarakimu moja hakujifunza kitu. Amevuna shamba asilolima. Usijifiche nyuma ya hukumu ya wenzako waliofanya kazi.

Lakini nao washtaki wasijione watakatifu. Utengenezaji wa PlayStation ulikoma mwaka 2006. Mwaka 2018 Sony ilipotoa PlayStation Classic, programu ya kuigiza iliyotiwa ndani yake ilikuwa PCSX ReARMed, kazi ya watu wa nje, waliyoitoa bure kwa wote. Jitu lililowaburuta wachunguzi mahakamani limekuja kunywa katika kisima kilichochimbwa na wachunguzi!

Basi, kijana, usiogope kufungua na kuuliza, wala usione fahari kubeba cha mwenzio. Nakala huisha thamani siku moja. Ufahamu ni mali isiyonyang'anyika.