Duka halikosi spea, linakosa namba

Najua niliahidi kuendelea na somo letu la hifadhidata, lakini leo mniwie radhi. Kuna jambo limenikaa rohoni wiki nzima na nisipolitoa hapa sitalala.

Juzi nilikutana kwenye intaneti na tangazo la ripoti kuhusu ukubwa na mwelekeo wa soko la Kenya la spea na huduma za magari. Yaani kila kinachouzwa baada ya gari lenyewe kuuzwa: padi za breki, matairi, betri, oili na kazi ya fundi. Ukurasa mmoja ni bure. Uliobaki, toa maelfu ya dola. Nikauangalia ule wa bure. Grafu inapanda kwenda kulia, kama grafu zote za aina hiyo. Nikatoka nje, nikaitazama barabara ya Kisii kwenda Sotik, nikajiuliza: huyu mchoraji wa grafu, nani alimhesabia Keroka?

Kwa wasioijua, Keroka imekatwa na mpaka wa kaunti mbili, Kisii na Nyamira, na kaunti hizo zimewahi kugombania ushuru wa mji huu huu mmoja. Ukisimama stejini utaona Probox zikijaza abiria, malori yanapita, bodaboda wamejipanga. Nyuma yao kuna maduka ya spea, na nyuma ya maduka kuna mafundi wenye mikono myeusi ambao hawana risiti, hawana tovuti, na hawajawahi kujaza fomu ya utafiti. Soko lenyewe ni hawa. Na mimi nasema shida yao kubwa haimo kwenye grafu ile. Shida si bei tu, wala si spea feki tu. Shida ni taarifa.

Ngoja nieleze. Baba mdogo wangu anaendesha Probox. Mwaka jana padi za breki za mbele zilikwisha. Duka la hapa halikuwa nazo, akapiga simu Nairobi. Muuzaji akamuuliza swali moja tu: "Probox ya mwaka gani?" Akajibu, akatuma pesa kwa M-Pesa, mzigo ukapanda matatu, ukasafiri zaidi ya kilomita 250. Ulipofika, padi hazikuingia. Zilikuwa za Probox, ndiyo, lakini si za Probox yake. Kurudisha? Dukani kuna kibao: mali ikishauzwa hairudishwi. Gari lilikuwa limekaa juu ya mawe siku mbili bila kuingiza hata shilingi, na karo ya shule haingojei mtu. Fundi akachukua grainda, akazisugua kingo hadi zikaingia.

Wiki mbili baadaye, akiwa anateremka na abiria, padi moja ilikwama. Gari likavuta upande mmoja. Alilisimamisha kwa breki ya mkono, ukingoni mwa mtaro. Hakuna aliyeumia, tumshukuru Mungu. Lakini jamani, tusimlaumu fundi peke yake. Yule alikuwa anarekebisha kwa chuma kosa lililofanyika kwenye simu.

Sasa tuingie kwenye ufundi kidogo, msikimbie.

Probox ilianza kuuzwa Japani mwaka 2002. Mwaka 2014 ikabadilishwa, sehemu ya mbele ikaundwa upya, jina likabaki lile lile. Hata ndani ya kizazi cha kwanza kuna NCP50 yenye injini ya cc 1300, NCP51 ya cc 1500, NCP55 inayovuta magurudumu yote manne, na nyingine. "Probox ya mwaka gani?" ni swali la kubahatisha. Swali sahihi ni: "Namba ya chesi ni ipi?" Namba hiyo imegongwa kwenye gari na imeandikwa kwenye logibuku. Kila mwenye gari anayo, bure.

Basi mbona haitumiki? Jaribu mwenyewe. Programu nyingi za kutafuta spea zimeundwa kwa ajili ya Marekani na Ulaya, ambako gari lina namba ya herufi na tarakimu 17. Gari lililotengenezwa kwa soko la Japani kwa kawaida halina namba hiyo. Lina msimbo mfupi wa modeli, kistari, kisha namba ya mfululizo. Ukiiandika kwenye programu hizo unaambiwa umekosea. Hujakosea. Aliyeiandika programu hakukuwazia wewe.

Na sisi ndio nchi ya magari ya Japani yaliyotumika. Kiwango cha KS 1515:2000 kinakataza kuingiza gari lililozidi miaka minane; mwaka 2025, kwa mfano, gari lililosajiliwa mara ya kwanza kabla ya 2018 halikuruhusiwa. Watu hudhani sheria hiyo inatupa magari mapya. Fikirini vizuri: gari linaingia hapa muda wa dhamana ya kiwandani umekwisha, halafu linaishi nasi miaka kumi, kumi na tano, ishirini. Miaka hiyo yote ni ya spea. Umri wa gari la Keroka unapitia mikononi mwa fundi asiye na katalogi.

Ndiyo maana biashara nzima inaendeshwa kwa maneno mawili: "Leta sampo." Fungua gari, ng'oa kitu cha zamani, kibebe mkononi mpaka Kisii au mpaka Barabara ya Kirinyaga kule Nairobi, mtu akilinganishe kwa macho. Kwa macho! Wakati Toyota wenyewe huipa kila spea namba, kwa kawaida tarakimu tano, kistari, kisha tano nyingine. Namba 90915-10001 ni kichujio cha oili, ukiwa Keroka au Osaka. Mwenye katalogi anaijua, asiye nayo anabeba chuma kwenye mfuko wa plastiki. Na mwenye kujua ndiye anayepanga bei.

Linganisheni na bodaboda. Spea za pikipiki zinapatikana kila kona ya mji huu, na mtu habebi sampo kwenda Nairobi kwa ajili ya cheni. Kwa nini? Kwa sababu modeli ni chache na kila mtu anazijua kwa kichwa. Muuzaji akikuzidishia bei, unavuka barabara. Mahali taarifa ilipo wazi, ushindani upo.

Najua kuna watakaosema tatizo ni feki. Nakubali feki zipo, tena zinaua. Tuna Sheria ya Kupambana na Bidhaa Bandia tangu 2008, na tuna mamlaka yake. Lakini kukamata masanduku ni kazi isiyokwisha kama mnunuzi hana cha kulinganishia. Fundi asiyejua namba sahihi, uzito sahihi wala vipimo sahihi atatambuaje feki? Kwa rangi ya boksi? Boksi ndicho kitu rahisi kuliko vyote kuiga.

Wengine watasema taarifa ni mali ya kiwanda. Wenzetu walilikataa jibu hilo zamani. Kanuni ya Umoja wa Ulaya namba 715 ya mwaka 2007 iliwalazimisha watengenezaji kuwapa mafundi huru taarifa za ukarabati. Jimbo la Massachusetts kule Marekani lilipigia kura haki ya kutengeneza gari lako mwaka 2012, likapiga tena 2020. Msiniambie ni mambo ya matajiri: Afrika Kusini, Tume yao ya Ushindani ilitoa mwongozo wa soko hili, ukaanza kutumika tarehe 1 Julai 2021. Kenya tuna Mamlaka ya Ushindani chini ya sheria ya 2010. Tudai mwongozo wa namna hiyo, na udaiwe na sisi, si na waagizaji wakubwa wa magari.

Lakini lawama yangu kubwa naiweka nyumbani, kwa sisi wa kompyuta. Tulisoma miaka minne chuoni, tukajifunza jedwali na ufunguo wa msingi, halafu tunakimbilia kutengeneza programu ya kumletea mtu wa Nairobi pizza. Hebu tupige hesabu. Jedwali la safu 10,000, kila safu herufi 100: msimbo wa chesi, injini, jina la spea, namba yake, vipimo kwa milimita. Jumla ni megabaiti moja hivi, ndogo kuliko wimbo mmoja wa MP3. Linaingia kwenye simu yoyote, halihitaji mtandao, halihitaji mwekezaji. Kinachohitajika ni mtu wa kukaa na fundi, amwulize, apime, aandike.

Mimi nimeanza. Nina safu 143 mpaka sasa, zote nimezikagua na mafundi wawili wa hapa Keroka, na tisa kati yao ilibidi tuzifute kwa sababu tulikosea. Muuzaji mmoja alipoona ninachoandika alinikasirikia: "Unataka kunimaliza?" Nilimjibu na ninarudia hapa. Mteja aliyenunua padi zisizoingia hakurudi tena kwako. Anayejua namba atarudi, kwa sababu hatapoteza siku mbili juu ya mawe.

Kwa hiyo waliochora grafu waendelee kuuziana. Ukubwa wa soko hili mimi nitaanza kuupima kwa idadi ya spea zilizoingia sawasawa mara ya kwanza.

Kama una gari, leo jioni fungua logibuku uinakili namba ya chesi kwenye simu yako. Kama ni fundi, usilitupe boksi kabla ya kuandika namba iliyo ubavuni. Na kama ni mwenzangu wa kompyuta, niandikie nikutumie jedwali uanze na mji wako. Baba mdogo anateremka na abiria kila siku, na wako pia yuko barabarani.