Cheo si zawadi ya mdosi: ukirukwa, Katiba inasema hivi

Kwa ofisi za gava kuna stori moja haiishi: msee amekwama cheo kimoja miaka kumi, halafu dogo aliyemfunza kazi anapanda juu yake. Akiuliza, anaambiwa, "Ngoja, yako itakuja."

Shika hii. Kifungu 232 cha Katiba ya 2010 kinasema vyeo vipeanwe kwa ushindani wa haki na uwezo wa mtu. Nafasi ziwe sawa kwa wanaume na wanawake, makabila yote na watu wenye ulemavu. Na si Nairobi pekee, hata kaunti na mashirika ya serikali.

Lakini tusidanganyane: Katiba haikupi cheo juu umekaa sana. Inakupa haki ya kushindana bila kuchezewa. Wengi hawajashika hiyo tofauti.

So ukirukwa, usiishie kulia kwa grupu ya WhatsApp. Kama haki yako imeguswa, Kifungu 47 kinakuruhusu kuitisha sababu kwa maandishi. Zikikosa kushikana, korti ya leba iko. Na mdosi akikasirika, Kifungu 236 kinasema hawezi kukushusha cheo ama kukufuta bila kufuata sheria.

"Huyu ni mtu wetu" haiko mahali popote kwa Katiba.