Saa ya Uswisi na Mkono Ulioitengeneza



Kiwandani na shambani, saa ni bwana wa pili. Ndiyo inayotuamsha, ndiyo inayotupeleka kwenye mstari wa kuhesabiwa, na mnyapara akiitupia jicho mara moja tu anajua ni nani atakatwa ujira. Lakini ni mara chache tunajiuliza saa yenyewe imetengenezwa na nani, na huyo aliyeitengeneza alipata nini. Leo nataka tuitazame Uswisi, nchi ambayo jina lake limefungamana na saa kama jina la Zanzibar lilivyofungamana na karafuu.

Sababu ya kuichagua nchi hiyo ni hii. Wapo waajiri ambao kila tukidai nyongeza hututolea mfano wake. Husema: "Tazameni Uswisi. Kule wafanyakazi hawagomi, ndiyo maana nchi ni tajiri." Maneno hayo yana nusu ya ukweli, na nusu ya ukweli hupoteza watu wengi kuliko uongo mtupu. Basi tuyachambue.

Utajiri wenyewe

Uswisi haina bahari. Haina mafuta, na haina migodi ya kujivunia. Hata hivyo mwaka 2023 iliuza nje saa zenye thamani ya faranga za Uswisi bilioni 26.7. Katika mauzo yote ya nchi ile, saa hushika nafasi ya tatu, baada ya madawa na kemikali, na baada ya mashine. Karibu kila saa inayotengenezwa huko hununuliwa na watu wa nchi nyingine, na watu wapatao 65,000 huishi kwa kazi hiyo. Iko miji mizima, kama La Chaux-de-Fonds na Le Locle, ambayo bila saa ingekuwa vijiji vya ng'ombe na theluji.

Sasa angalieni jambo moja. Mwaka 2000 Uswisi iliuza nje saa karibu milioni 30, ikapata zaidi kidogo ya faranga bilioni 10. Mwaka 2023 iliuza saa kama milioni 17 tu, ikapata hizo bilioni 26.7. Saa zimepungua, fedha zimezidi. Maana yake ni kwamba Uswisi imeacha kushindana kwa wingi na inashindana kwa thamani. China huuza saa nyingi mno kuliko Uswisi, lakini za bei ndogo. Uswisi huuza chache, na za matajiri.

Thamani hiyo imetoka wapi? Chuma cha saa moja hakijazi kiganja cha mtoto. Hata dhahabu inapotumika, bei ya dhahabu yenyewe mara nyingi ni sehemu tu ya bei ya saa. Kinachobaki ni ujuzi wa fundi, na juu ya ujuzi huo tajiri ameongeza jina na matangazo. Lakini jina lenyewe lilijengwa na mikono. Kama kazi ingekuwa mbovu, hakuna tangazo ambalo lingeliokoa kwa miaka mia nne.

Kazi ilivyoanza

Katika karne ya 16, mjini Geneva, viongozi wa dini wa wakati wa Jean Calvin walipiga vita mapambo ya anasa. Masonara wakajikuta hawana soko, wakageukia saa. Wakati huohuo Waprotestanti waliokimbia mateso Ufaransa waliingia Geneva, na baadhi yao walikuwa mafundi wa saa. Kwa hiyo kazi ambayo leo ni fahari ya Uswisi ilistawishwa kwa sehemu kubwa na wakimbizi. Wale wanaowaona wakimbizi kuwa mzigo tu na walifikirie hilo.

Kutoka Geneva kazi ilipanda milima ya Jura. Huko wakulima walifungiwa na theluji miezi mingi ya mwaka, wakawa wanatengeneza vipande vya saa majumbani mwao. Mmoja alichonga magurudumu, mwingine alitengeneza kamani, mwingine akrabu, mwingine uso wa saa. Mfanyabiashara alipita kukusanya vipande, vikaunganishwa, naye akauza saa nzima. Karl Marx, katika kitabu chake cha Capital cha mwaka 1867, aliuelezea mji wa La Chaux-de-Fonds kuwa kama kiwanda kimoja kikubwa cha saa. Mfanyabiashara ndiye aliyepata faida nono, lakini ujuzi ulibaki milimani. Na wenyeji hawakuuacha ujuzi huo urithiwe kwa bahati: shule ya ufundi wa saa ya Geneva ilianzishwa mwaka 1824. Hadi leo kijana hawi fundi saa kwa kusimama nyuma ya mwenzake wiki mbili. Hujifunza miaka mitatu au minne, na hupewa cheti.

Amani haikuanguka kutoka mbinguni

Hapa ndipo waajiri wetu hufupisha hadithi. Hutuonyesha amani bila kutuonyesha ilivyopatikana.

Mafundi wa saa wa Jura walikuwa miongoni mwa wafanyakazi wa kwanza wa Ulaya kujipanga. Mwaka 1872, katika mji wa Saint-Imier, walikutana na wajumbe wa wafanyakazi kutoka nchi nyingine kujadili ukombozi wao. Mwaka 1915 chama cha watu wa saa kiliungana na chama cha wafanyakazi wa vyuma, wakawa kitu kimoja. Novemba 1918 Uswisi yote ilitikiswa na mgomo mkuu. Wafanyakazi wapatao 250,000 waliweka chini vyombo vya kazi. Walidai wiki ya saa 48, bima ya uzee na haki ya wanawake kupiga kura. Serikali ilitoa jeshi. Tarehe 14 Novemba, katika mji wa saa wa Grenchen, askari waliwapiga risasi na kuwaua wafanyakazi watatu.

Mgomo ulivunjwa. Lakini mwaka uliofuata sheria ya viwanda iliweka wiki ya saa 48. Bima ya uzee ilianza mwaka 1948. Wanawake walingoja kura ya taifa mpaka mwaka 1971.

Baada ya hayo ndipo ulipokuja mwaka 1937, mwaka ambao waajiri hupenda kuutaja. Katika kazi ya saa na katika viwanda vya vyuma ilitiwa sahihi mikataba ya amani. Wafanyakazi walikubali kutogoma mkataba ukiwa hai. Kwa upande wao waajiri walikubali kukaa mezani na chama na kupeleka ugomvi kwa wasuluhishi. Zingatieni: mkataba una sahihi mbili. Amani ile ilikuwa baina ya pande mbili zenye nguvu, na kila upande ulikuwa na kitu cha kutoa. Mwajiri anayetaka tusigome, naye hataki kukitambua chama wala kutia sahihi mkataba wa hali bora, huyo hatafuti amani ya Uswisi. Anatafuta kimya.

Amani nayo ilikuwa na mipaka

Nisije nikaonekana nawasifia Waswisi kupita kiasi. Amani ile haikuwalinda wafanyakazi dhoruba ilipokuja.

Desemba 1969 kampuni ya Seiko ya Japani ilianza kuuza saa ya mkono ya betri, isiyo na kamani, iliyo sahihi kuliko saa yoyote ya magurudumu. Ujuzi huo haukuwa mgeni Uswisi. Kituo cha utafiti cha Neuchâtel kilikuwa kimekwisha kutengeneza saa ya namna hiyo mwaka 1967. Lakini wenye viwanda walisitasita, kwa sababu mitambo ya zamani bado iliwaletea faida. Halafu faranga yao ikapanda, saa zao zikawa ghali nje, na mwaka 1973 bei ya mafuta ikapaa. Katika mwaka 1970 kazi ya saa ilikuwa na watu wapatao 90,000. Kufika katikati ya miaka ya 1980 walibaki kama 30,000 na kitu. Theluthi mbili ya watu walitoka langoni.

Nani alilipa gharama ya kusitasita huko? Si mwenye kiwanda peke yake. Dhoruba ilipoanza, bima ya kukosa kazi haikuwa ya lazima. Wananchi waliipigia kura mwaka 1976, wakati maelfu walikuwa wamekwisha achishwa. Wafanyakazi wengi wa kigeni, Waitalia na Wahispania, walipopoteza kazi walipoteza na kibali cha kukaa, wakafunga mizigo. Wenzetu wa mkonge wa Tanzania wanaielewa hadithi hii. Kamba ya plastiki ilipoingia sokoni katika miaka ya 1960, bei ya mkonge ilianguka, na aliyekata majani ndiye aliyeanguka nayo.

Viwanda viliokolewa mwaka 1983, mabenki yalipoyaunganisha makampuni mawili makubwa, na bwana Nicolas Hayek akapata sifa. Mwaka huohuo ilitoka saa ya plastiki ya Swatch, yenye vipande 51 tu, ya bei ambayo kijana aliimudu. Saa hiyo ilibuniwa na wahandisi Elmar Mock na Jacques Müller chini ya Ernst Thomke. Baadaye saa za magurudumu nazo zilifufuka kama bidhaa za anasa. Hayo ni kweli na ni mazuri. Lakini katika hadithi za ushujaa hutajwa mkubwa aliyeokoa kampuni, hawatajwi wale elfu hamsini na zaidi waliotoka ili hesabu zikae sawa.

Wanawake wa saa

Wapo na wengine wasiotajwa. Kazi ya saa ni ya vidole vyepesi, na tangu zamani wanawake wameifanya kwa wingi, wakilipwa pungufu ya wanaume. Miongo mingi walipaka namba za saa kwa rangi ya radiamu ili ziwake gizani, wengi wao wakiifanya kazi hiyo nyumbani. Radiamu ni sumu inayoingia mifupani. Matumizi yake yaliendelea hadi miaka ya 1960, na mwaka 2015 serikali ya Uswisi ilianza mpango wa kuzitafuta nyumba zilizokuwa bado na mabaki yake. Mshahara uliisha siku ileile, sumu ikabaki ukutani zaidi ya miaka hamsini. Ninyi mnaopiga dawa mashambani bila kinga, lifikirieni hilo.

Ni wanawake haohao walioonyesha njia. Katiba ya Uswisi iliandikwa mwaka 1981 kwamba kazi ya thamani sawa ilipwe sawa. Miaka kumi ikapita, maneno yakabaki karatasini. Wanawake wa saa wa bonde la Vallée de Joux, pamoja na Liliane Valceschini wa chama chao, wakatoa shauri la mgomo. Tarehe 14 Juni 1991 wanawake wapatao nusu milioni walishiriki nchi nzima. Sheria ya usawa ikapitishwa mwaka 1995. Basi huko kwenye "nchi isiyo na migomo," mmoja wa migomo mikubwa kabisa ulizaliwa kwenye meza za watengeneza saa.

Tujifunze nini?

La kwanza, ujuzi ni mali ya mfanyakazi kuliko kitu chochote, na ni wa kudaiwa. Tukikaa mezani tusidai shilingi peke yake. Tudai mafunzo yenye cheti, ili fundi akiondoka langoni aondoke na kitu mkononi.

La pili, mashine mpya izungumzwe kabla haijafungwa, siyo baada ya majina ya kuachishwa kubandikwa ukutani. Mkataba useme nani atafundishwa, nani atahamishwa, na anayeondoka atapata nini. Mwaka 2025 Marekani ilipoziwekea bidhaa za Uswisi ushuru wa asilimia 39, ambao mwishoni mwa mwaka huo ulikubaliwa ushuke hadi 15, wenye viwanda vya saa waliweza kupunguza saa za kazi badala ya watu, na bima ikafidia asilimia 80 ya ujira uliopotea. Bima hiyo ndiyo ile iliyokosekana dhoruba ya kwanza ilipoanza. Imepatikana kwa kura na kwa chama.

La tatu, jina la bidhaa lifungwe na kazi za wananchi. Tangu mwaka 2017 sheria ya Uswisi husema saa haiwezi kuitwa ya Uswisi kama angalau asilimia 60 ya gharama ya kuitengeneza haikutumika nchini humo. Sisi tunachuma chai na kahawa, tunachimba dhahabu, navyo huondoka ghafi. Sehemu kubwa ya dhahabu ya dunia, na ya Afrika imo, husafishwa Uswisi. Nchi isiyochimba inafaidi, na anayechimba anabaki na shimo. Hilo si la kulaumu Waswisi tu. Ni la kuziuliza serikali zetu, na chama kina haki ya kuuliza.

Kwa hiyo mwajiri akikutajia Uswisi tena, usikasirike. Mwambie: "Vizuri, ndugu mwajiri. Tuanze na mafunzo ya miaka mitatu, bima ya kukosa kazi, na mkataba wenye sahihi mbili. Amani tutaizungumza mezani hapo hapo."

Na ili neno hilo liwe na uzito, lisemwe na wote kwa pamoja. Lipeni ada za chama, hudhurieni mikutano ya tawi, na wawakilishi wa kila kikosi wapeleke madai kwa maandishi. Umoja ni nguvu.