Mlango Umepanuliwa, Njia Haijalimwa

Kombe la Dunia la vijana chini ya miaka 17 lilipopanuliwa kutoka timu 24 hadi 48, na nafasi za Afrika kutoka 4 hadi 10, wengi wetu tulishangilia kana kwamba tumekwisha kufika. Jibu lilipatikana Morocco mwaka 2025, katika fainali za Afrika: Zambia walitufunga 4-1, Uganda 3-0. Wote wawili walikwenda Qatar. Sisi tulirejea nyumbani.

Mtoto wa Matai, wilayani Kalambo, yu karibu na Mbala ya Zambia kuliko Dar es Salaam. Mahindi ni yale yale, hata ukoo mara nyingi ni mmoja. Asituambie mtu kwamba kipaji hukomea mpakani. Mtoto huyo huonekana siku chache za UMITASHUMTA, kisha hurudi kwenye mpira wa makaratasi. Halmashauri hukusanya ushuru wa mahindi ya Ufipa kila msimu. Je, ni ligi gani ya vijana, ya mwaka mzima, iliyozaliwa na ushuru huo? Nawauliza madiwani, nao TFF wasijifiche nyuma yao. Fainali hizi sasa ni za kila mwaka, na Qatar ni mwenyeji hadi 2029. Aliyekuwa na miaka 12 mwaka 2025 atakuwa bado hajavuka umri.