Ziara ya mvinyo na mada iliyorukwa

Jamani wadau, Jumamosi nimepanda basi la watalii, ziara ya siku moja ya mashamba ya mizabibu, kutoka Bordeaux hadi Saint-Émilion. Mji mzuri, sibishi, UNESCO waliuweka kwenye urithi wa dunia mwaka 1999. Kiongozi katueleza madaraja ya mvinyo ya 1855 mpaka watu wakasinzia. Lakini nilipouliza yale majumba ya mawe kando ya mto Garonne yalijengwa kwa pesa gani, jibu: mvinyo. Basi!

Mvinyo tu? Karne ya 18 meli za Bordeaux zilibeba watumwa zaidi ya 100,000 kutoka Afrika. Mvinyo huohuo uliuzwa Saint-Domingue (Haiti ya leo), meli zikarudi na sukari na kahawa iliyolimwa na watumwa. Si siri hata kidogo: makumbusho ya Musée d'Aquitaine, hapohapo mjini, yana kumbi nzima za habari hizo tangu 2009. Sasa dakika mbili tu za kuitaja zinashindikanaje? Sisi wa ualimu tukiruka mada tunaambiwa hatujamaliza silabasi. Yeye analipwa euro, ati!

Mkija huku, anzeni na makumbusho, ndipo mkapande basi. Na swali ulizeni kwa sauti, basi zima lisikie.